Tulipotaka Kumpelekea Jogoo Mkuu wa Chuo

Binti yangu alirudi likizo kijijini kwetu Mwamkulu akiwa amekonda. Somo moja la chuo kikuu lilikuwa limemwangusha. Hakuziamini alama zile, akaomba karatasi yake isahihishwe upya, kama kanuni zao zilivyoruhusu. Chuo kikapokea ombi, kikanyamaza. Mitihani ya marudio ilikuwa inakaribia, na bila jibu hakuruhusiwa kuifanya, kwa kuwa shauri lake lilihesabiwa bado liko mezani. Asipoifanya, mwaka mzima umepotea.

Mimi nilikuwa katekista, na kungoja ndiko nilikofundishwa tangu ujana. Tulisali novena nyumbani, sala za siku tisa, na yeye mwenyewe akaiongoza. Kisha nikakumbuka desturi. Kwetu, ukiwa na neno na mkubwa, humwendei mwenyewe. Unatuma wazee na jogoo, wanakaa chini, wanapiga makofi taratibu, wanakuombea. Nikamwita jirani yangu, Msukuma aliyehamia na ng'ombe zake, mtani wangu wa siku nyingi.

"Jogoo?" akacheka. "Nyie warina asali mna aibu kweli! Chuo kikuu kizima, jogoo mmoja? Mimi natoa beberu."

"Beberu lako litakula karatasi za mitihani za watoto wa watu."

"Si ndiyo vizuri! Hapo watafaulu wote."

Binti yangu alikuwa anapepeta mchele pembeni. Akauweka ungo chini.

"Wazee wangu, asanteni. Lakini msiende."

"Kwa nini, mama?" nikamuuliza.

"Mkifika na beberu, watasema mmeleta rushwa. Na mkipiga magoti, watadhani naomba alama. Mimi siombi alama, baba. Nadai jibu, hata likiwa baya."

Mtani wangu akavuta kigoda, akaketi.

Binti yangu akatueleza. Alikuwa amekata rufaa kwenye idara yake, hakujibiwa. Akapanda hadi seneti ya chuo, kimya. Sasa ilibaki wakili akiandikie chuo barua ya kukitaka kijibu, na kikizidi kunyamaza, Mahakama Kuu iombwe iamuru chuo kitimize wajibu wake. Niliogopa. Miaka yote nilikuwa nawafundisha waumini wapatane kabla ya kufika kwa hakimu.

"Baba, kumtaka mtu afanye kazi aliyopewa, huko ni kugombana?"

Nililitafakari swali hilo hadi tulipopanda treni ya Tabora kumwona wakili, mimi na yeye.

Wakili alizisoma nakala za barua zote za binti yangu bila haraka. Akamuuliza kwa upole, "Unajua mahakama haitakusahihishia mtihani?"

"Najua. Sitaki jaji ashike kalamu. Nataka awaambie wenye kalamu waishike."

Wakili akanigeukia. "Mzee, huyu hanihitaji mimi. Anahitaji mhuri wangu tu."

Moyo wangu ulijaa. Nilikuwa nimempeleka shule nikidhani nampa elimu ya kumlisha. Kumbe Mungu alikuwa anampa na ujasiri wa kusimama mbele ya wakubwa bila matusi na bila kupiga magoti.

Barua ya wakili ilitosha, mahakamani hatukufika. Jibu lilikuja kabla ya mitihani: karatasi imesahihishwa upya, alama ni zilezile, mwanafunzi anaruhusiwa kufanya marudio. Nilingoja machozi. Yeye alilisoma mara mbili.

"Kumbe nilikosea kweli," akasema. "Basi, sasa najua pa kusoma."

Akaanza kufungasha vitabu siku hiyohiyo. Mtihani wa marudio aliufanya pamoja na wenzake, akafaulu. Lakini mimi sikuyasubiri matokeo hayo. Jumapili iliyofuata safari yake nilisimama kanisani nikatoa shukrani kwa barua iliyosema binti yangu amefeli. Waumini wakatazamana, na mama yake, aliyejua sababu, akaanzisha wimbo.