Kiraka cha Pazia

Tangu ujana wangu nashona kwenye kibaraza kinachotazamana na geti la nyumba ya waziri. Mtoto wa waziri tulimwita Bosi Mdogo tangu hajaota meno. Kila muhula nilimshonea sare mpya tatu. Shati likikatika kifungo tu, halivaliwi tena. Yeye akipelekwa shule na dereva, mwanangu alikwenda shule hiyohiyo kwa miguu, shati limetoboka mgongoni. Nilimtilia kiraka cha kitambaa kilichobaki nilipowashonea akina waziri mapazia ya sebuleni, maua ya njano makubwa. Wenzake wakambatiza Dirisha.

Miaka ikapita. Mwaka wa uchaguzi Bosi Mdogo, sasa mgombea, akaja mwenyewe, akavuta stuli.

"Shikamoo, mzee wangu. Huna shati la shule la zamani? Lililochakaa kabisa."

"Marahaba. Lako? Yako yalitupwa yangali mapya."

Akacheka. "Lolote tu, mzee. Watu wanataka kuona nimetoka mbali."

Mbali wapi, zaidi ya kutoka chumbani kuja mezani? Lakini alikuwa amenipa kazi ya kushona fulana zote za kampeni. Shati la mwanangu nilikuwa nimelitunza sandukuni. Nikampa, wala mwenye shati sikumuuliza.

Mkutanoni alilipeperusha jukwaani. "Hili nimelivaa miaka minne! Baba hakutaka nideke!"

Watu wakashangilia, wengine wakafuta machozi. Pazia la kwao lilikuwa mkononi mwake, na hakulitambua. Mwanangu, ambaye sasa ni mwalimu, alisimama ubavuni pangu. Nilihisi amekitambua kiraka, nikaogopa kumtazama.

"Fundi wangu yule pale, muulizeni!" Bosi Mdogo akaninyooshea kidole. Nikaletewa kipaza sauti.

"Kweli," nikasema. "Kiraka nilitia mimi."

Niliona aibu mpaka masikio yakawaka moto. Mwanangu hakunigombeza. Afadhali angenigombeza.

Bosi Mdogo alishinda. Mwezi uliopita mwanangu alikwenda ofisini kwake kuombea shule madawati. Alisubiri saa tatu kwenye benchi, na juu ya kichwa chake, ndani ya fremu ya kioo, lilikuwa limetundikwa shati lake mwenyewe.

Aliporudi nilimuuliza amepata nini.

"Ameniambia wanafunzi wangu wajikaze, Baba," akasema. "Kama alivyojikaza yeye."