Usimpe Mmoja Ubao, Kete na Daftari

Siku niliyokatazwa kuugusa ubao wa drafti nilioupiga randa kwa mikono yangu mwenyewe naikumbuka vizuri sana, mwanangu, na kila nikiikumbuka naudhika upya. Hebu fikiria. Umetoka msibani, vumbi la Mugango bado liko viatuni, umefika barazani unataka kucheza na wenzako, na mtu uliyemwachia ufunguo anakutazama usoni na kukwambia, "Fundi, jina lako halimo kwenye daftari." Daftari lenyewe nimelinunua mimi! Ngoja nikae vizuri, maana hasira za mwaka ule bado hazijaniisha.

Nakueleza haya kwa sababu ya yale uliyonieleza jana, Nyamisi. Ulikaa hapo kwenye ngazi, simu mkononi, ukanisimulia habari za seva yako ya gemu, nami nikasikiliza mpaka chai ikapoa. Nilichoelewa ni hiki. Mko vijana wengi, wa hapa Musoma, wa Bunda, hata wa Butiama, na humo ndani ya simu mnajenga mji wenu. Neema wa Makoko, rafiki yako tangu darasa la kwanza, amejenga soko na mwalo wa mitumbwi kwa mwaka mzima, tofali kwa tofali. Mitihani ilipokaribia ukaona seva itakosa mwangalizi, ukampa uadmini kijana mmoja anaitwa Dickson, ambaye alikuwa na wiki tatu tu tangu ajiunge. Juzi Neema akabishana naye kidogo, Dickson akamfukuza, kisha akaubomoa mji wake wote. Na wewe, mwenye seva, umekaa kwenye ngazi zangu unasema, "Sio mimi Babu, ni admini."

Nilikuuliza kama hizo ruhusa za uadmini hutolewa zote kwa pamoja, kama gunia la muhogo. Ukasema hapana, ziko moja moja. Kuna ruhusa ya kuwakaribisha wageni, kuna ya kumnyamazisha anayetukana, kuna ya kufukuza, kuna ya kubomoa, na kuna ya kuwapa wengine hizo hizo nguvu. Nikasema, sasa mbona ulimpa zote? Ukanijibu, "Kuchagua moja moja kunachosha, Babu." Hapo ndipo nilipoinuka kwenda kunywa maji, maana ningebaki ningesema neno ambalo mzee hapaswi kulisema. Kunachosha! Neno hilo hilo lilitoka mdomoni mwangu nikiwa kijana, na mpaka leo sijamaliza kulilipia.

Miaka ile ilikuwa ya uhaba. Sabuni ilikuwa ya foleni, sukari ya foleni, na uzi wa cherehani hata foleni yake haikuwepo. Mimi nilikuwa fundi chipukizi kwenye duka la Mzee Shabani pale mjini, mzee mmoja Mwislamu ambaye wazazi wake walitoka Ujiji, mpole, ila akikukemea unaweza kukosa usingizi. Vitambaa hakuna, uzi hakuna, basi tulizifunika cherehani tukakaa barazani kucheza drafti. Polepole watu wakaongezeka. Wavuvi walikuja, makarani walikuja, muuza kanzu na katekista walikaa benchi moja wakitaniana. Tukawa chama, na kwa kuwa ubao niliutengeneza mimi, wakanifanya mwenyekiti.

Kete zetu zilikuwa vizibo vya soda, kumi na viwili vya chali na kumi na viwili vya kifudifudi. Usicheke. Soda yenyewe ulikuwa unaiona kwenye harusi ya mtu mkubwa, na hata hapo unaigawana na mwenzako. Kizibo kimoja kikipotea tulisimamisha mchezo, tukainama wote kukitafuta mtaroni, pamoja na katekista.

Sasa sikiliza desturi aliyotuwekea Mzee Shabani. Ubao nilikaa nao mimi. Kete alikaa nazo Mama Rehema, muuza samaki wa kukaanga wa ng'ambo ya barabara, kwenye kopo la mafuta ya kupikia. Daftari la majina na zamu alikaa nalo katekista Petro. Hakuna aliyeweza kufungua mchezo peke yake, na hakuna aliyeweza kumfuta mwanachama mpaka sisi watatu tukae na tukubaliane. Kidole kimoja hakivunji chawa, ndivyo alivyosema mzee, na ndivyo tulivyokwenda kwa mwaka na zaidi bila mtu kufutwa hata mmoja.

Lakini ujana, mwanangu! Jumamosi Petro ana mafundisho, basi hakuna mchezo. Mama Rehema kaenda mwaloni kufuata sangara, hakuna kete. Nikakasirika. Nikasema hii inachosha. Nikatengeneza sanduku zuri la mbao, lenye kufuli, nikatia humo ubao, kopo la kete na daftari, na ufunguo nikauvaa shingoni. Niliona nimefanya maendeleo. Mzee Shabani alinitazama kwa ile miwani yake aliyoifunga uzi pembeni, akasema, "Kijana, umeviweka pamoja vitu vilivyotenganishwa kwa sababu. Hiyo sababu umeiuliza?" Nikamjibu kwamba mambo yanabadilika, mzee wangu. Jibu gani hilo la kumpa mtu aliyekufundisha hata kushika mkasi?

Basi akaja Magesa. Mcheshi, mwepesi, mtu wa kukusifu mpaka unaona haya, halafu unataka aendelee. Nikicheza anapiga makofi, nikifungwa anasema jua lilinipiga machoni. Mgema akisifiwa tembo hulitia maji, nami nililitia maji mapipa mazima. Alikuwa na wiki tatu barazani pale zilipokuja habari kwamba baba yangu mdogo amefariki Mugango. Ilibidi niende. Niko kwenye kituo cha malori, nahangaika na mzigo, Magesa akaja mbio akasema, "Fundi, ufunguo je? Nipe mimi." Nikauvua shingoni nikamrushia. Nikamwambia, "Shika, fanya utakavyoona."

Fanya utakavyoona! Ukitafuta namna ya kutoa ruhusa zote kwa maneno mawili, hiyo hapo. Na kwa nini nilimpa yeye? Kwa sababu aliomba. Petro hakuomba, Mama Rehema hakuomba, walikuwa na kazi zao. Yule anayekimbilia ufunguo mtazame mara mbili, mwanangu, na yule anayesema "labda mwingine" mtazame mara tatu, maana pengine ndiye.

Kule Mugango nilikaa wiki tatu, si kwa kupenda. Matanga yaliisha, lakini dizeli haikupatikana, na lori lilikaa kama jiwe.

Pale barazani tulikuwa na mvuvi mmoja wa Makoko, jina lake Nyamhanga. Mtu wa maneno machache. Alikuja kila alasiri na kandambili zake zenye magamba ya samaki, akakaa mwisho wa benchi, na hakuna aliyekuwa anamfunga. Tulikuwa tumepatana na wachezaji wa Bunda tukutane kwao, na tumaini letu lilikuwa yeye. Basi siku nne baada ya mimi kuondoka alimfunga Magesa mara tatu mfululizo mbele ya watu, na mara ya tatu watu wakacheka. Magesa akafungua sanduku, akatoa daftari, akachukua kalamu nyekundu, akalipiga mstari jina la Nyamhanga. Sababu akaandika "utovu wa nidhamu". Petro alipouliza, naye akapigwa mstari. Magesa akawaingiza binamu zake wawili wawe wasaidizi wake, nao wakapewa kalamu. Usimwamshe aliyelala, ukimwamsha utalala wewe, wazee walisema, na mimi sikumwamsha tu, nilimpa na kiti.

Nikarudi. Ukurasa mwekundu nusu nzima, na mimi mwenyewe nimo katika wekundu huo, kwa sheria mpya kwamba asiyehudhuria wiki tatu amejifuta mwenyewe. Nikaenda na hasira zangu dukani kwa Mzee Shabani. Nilidhani atasema, "Nilikwambia." Hakusema. Aliniuliza tu, "Nyamhanga umemwona?" Nikasema bado. Akasema, "Nenda Makoko kwanza. Sanduku litasubiri."

Unafikiri nilikwenda? Kichwa changu kilikuwa kigumu kuliko ule ubao. Nilishinda siku nne nagombania sanduku. Nilimfokea Magesa barabarani, nikaita wazee wa mtaa, mwisho nikaivunja kufuli niliyoiweka mwenyewe. Nikaandika majina yote upya kwa wino wa bluu, la Nyamhanga la kwanza kabisa, kwa herufi kubwa. Siku ya tano nikachukua daftari kwapani, nikaenda Makoko nikiwa nimejaa fahari, kana kwamba nampelekea zawadi.

Nilimkuta amekaa nje anashona nyavu. Nikamfungulia ukurasa. Nikamwambia, "Ndugu yangu, Magesa alikukosea, lakini nimeshanyoosha mambo. Tazama, jina lako hili hapa." Aliutazama ukurasa, akarudi kwenye nyavu zake, akavuta fundo mpaka likakaza.

"Magesa ni nani, fundi? Magesa alipewa kalamu," akasema. "Mimi nilikuwaga nakuja pale nikijua ni pahali petu wote. Kumbe palikuwaga pako, unampa unayetaka. Na umerudi mjini siku tano. Sanduku umelitafuta. Mimi nakaaga hapa hapa, hata hukuuliza."

 Majibu yangu yote yalimhusu Magesa, mwanangu, na swali halikuwa la Magesa. Nikafunga daftari nikarudi kwa miguu, na njia nzima sikuweza kumlaumu mtu mwingine, ingawa nilijaribu sana.

Bunda tulikwenda bila yeye, tukafungwa mpaka wenyeji wetu wakatuonea huruma. Benchi likapungua, leo huyu hayupo, kesho yule. Nilirudisha desturi ya mzee, kete kwa Mama Rehema, daftari kwa Petro, lakini maji yalikuwa yameshamwagika. Nyamhanga alihamia visiwani kuvua, na sikumwona tena. Miaka ikapita, biashara ikaachiwa huru, uzi ukajaa madukani wa kila rangi, soda zikauzwa kila kibanda. Vizibo vikazagaa chini kila mahali, navikanyaga nikienda kazini. Tulikuwa tunainama mtaroni kutafuta kimoja, na sasa vimejaa tele, na wa kucheza naye sina.

Basi nisikilize, wewe uliyenikumbusha balaa hili. Kwenye drafti kete haifanywi kingi ikiwa bado mlangoni kwako. Inavuka ubao kwanza, hatua moja moja, mbele ya macho ya watu, na hata ikishakuwa kingi bado inaweza kuliwa. Mtu naye ni hivyo hivyo. Mpe kazi ya kuwakaribisha wageni, umtazame mwezi, miezi. Ukimwona mvumilivu mwongezee ya kuwanyamazisha wenye matusi. Kufukuza kusiwe kwa mtu mmoja, kuwe kwa watatu wanaoulizana. Kubomoa usimpe mtu, hasa kazi ya mwenzake ya mwaka mzima. Ukiona vyaelea vimeundwa. Na ile ruhusa ya kuwapa wengine ruhusa, hiyo kaa nayo mwenyewe, hata kama inachosha. Kama kulinda watu kunakuchosha, usiwakusanye.

Dickson umesema unaona aibu kumvua kwa sababu ni rafiki yako na atanuna. Anune! Itoe hiyo simu umvue sasa hivi, hapa mbele yangu, ni kubonyeza tu. Halafu iweke mfukoni. Najua unachotaka kufanya, unataka kukaa siku tatu kutafuta namna ya kuurudisha mji ulivyokuwa, kisha umpelekee Neema habari njema. Hilo ndilo sanduku langu, Nyamisi. Mji utajengwa, kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi. Neema kwanza. Wala usimtumie ujumbe, wala usitaje jina la Dickson ukifika. Mwambie, "Mimi ndiye niliyetoa kalamu." Kisha unyamaze, uyasikie atakayoyasema, hata yakikuchoma.

Mungu akupe mkono mzito wa kutoa ufunguo na mguu mwepesi wa kwenda kuomba radhi. Akutangulie njiani, autulize moyo wa mwenzako, na mlango wake uukute wazi. Haya, vaa viatu uende Makoko. Leo ni siku ya pili tu.