Gata Iliyong'olewa Mara Tatu

Mara ya tatu nilipomkuta shemeji yangu juu ya kigoda, ameng'oa gata ya nyumba yangu, ule mfereji wa kupeleka maji ya mvua pipani, na kuibana kwapani kama mzigo wa kuni, nilimweka mtoto chini kwenye matope. Matope, ndiyo. Nikaikamata ile gata kwa mikono miwili, tukavutana kama watoto wanaogombea muwa, huku maji masafi ya bati langu yakimwagika ardhini.

"Nyar Migori, wacha," alisema. Huku Homa Bay nilikoolewa, mke huitwa kwa kwao, nami nilikuwa binti wa Migori hata nikikasirika. "Mdogo hatangulii mkubwa."

"Kwani mvua huuliza nani kifungua mimba?"

Hakucheka. Mume wangu, mdogo wake, alikuwa Kericho kwenye majani chai. Aliezeka nyumba yetu mabati kwa ruhusa ya kaka yake, lakini ruhusa ilikuwa ya bati tu. Gata haikutajwa. Shemeji bado alilala chini ya nyasi, na maji ya nyasi hutoka mekundu kama chai ya jana. Basi kwake yeye, mpaka apate bati na gata yake, sisi tuchote mtoni.

Mtoni ng'ombe huingia mpaka tumboni. Mwanangu alikuwa amehara wiki mbili, macho yamezama, na dresa wa zahanati aliniambia wazi: maji ya mvua, tena uyachemshe, ama utamzika. Nilimpa shemeji maneno hayo yalivyo. Akajibu, "Sisi tulikunywa mto huo tukakua." Wasiokua hakuwataja.

Tena mkewe! Gata ikiwapo, alikuja alfajiri na mtungi, akachota kwenye pipa langu. "Usimwambie mzee wangu," aliniomba. Sikumwambia. Leo ningemwambia.

Mara mbili za kwanza fundi aliirudisha. Safari hii alikataa, hataki kuingilia mambo ya ndugu. Na mimi? Mke hapigi msumari kwenye paa mumewe akiwa hai, anamwitia kifo. Hata na sekondari yangu sikuthubutu.

Lakini kuandika hakukatazwi. Nilikwenda kwa chifu na matope yangu hivyo hivyo. Karani akauliza, "Unashtaki mtu au unashtaki mila?" Nikamwambia anipe karatasi, nitaandika mwenyewe.

"Kwa Chifu. Shemeji yangu ameng'oa gata ya nyumba yangu mara tatu, na mtoto wangu ni mgonjwa wa maji ya mto. Sibishi kwamba yeye ni mkubwa. Naomba aamriwe kuirudisha kwa mikono yake kabla mvua hizi hazijaisha. Na kama lazima mkubwa atangulie, basi aje anywe kikombe cha kwanza kutoka pipa langu, mbele ya mashahidi, ndipo mtoto wangu anywe."