Tausi Aliyekaa Mkono wa Kushoto

Kidawa binti Vuai bin Pandu, mzaliwa wa Tanga. Babu yake alidarizi kofia ambazo watu walizitunza kwa Idi tu. Baba yake aliishonea bendi nzima ya taarabu makoti kwa kuwatazama, utepe wa kupimia hakugusa. Yeye mwenyewe aliingia Johannesburg mwaka tisini na sita, kichwa cha cherehani mapajani, akafungua kibanda chake Mayfair. Mimi ni jirani yake tangu siku hiyo, na tangu siku hiyo sijaona mtu aliyemrudishia nguo.

Kazi aliyoipenda kuliko zote ni choli, ile blauzi fupi ya kuvalia sari. Tena si choli yoyote, bali za waigizaji wa Kitamil wa zamani, wa sinema zisizo na rangi: mkono umetuna begani kama andazi, halafu ukabana kwenye kiwiko, shingo ya duara, kiuno kimeshikwa. Wanja umevutwa mpaka karibu na sikio, asumini imezunguka shungi.

"Wale walivaa," husema. "Hawa wa leo wamefunikwa tu."

Mwaka jana alikuja mama wa Kitamil kutoka Lenasia, kitongoji cha Wahindi kusini mwa jiji, jina lake Neelavathi Moonsamy, anatimiza miaka sabini Jumamosi ya wiki ile. Alileta picha ya mwigizaji aliyempenda tangu utotoni, na kipande cha hariri cha marehemu mama yake, chenye tausi mmoja wa nyuzi za dhahabu. Kitambaa ndicho hicho. Kingine duniani hakuna.

"Nataka niingie ukumbini kama huyu," akasema. "Tausi akae kwenye mkono unaoonekana."

"Mama, watu watasahau hata keki," Bi Kidawa akamjibu.

Ijumaa asubuhi Neelavathi alikuja kuijaribu. Akavaa choli, akajitanda sari. Upindo wa sari, ile ncha ya kutupia begani, ulishukia bega la kushoto, ukamfunika tausi gubigubi. Mkono wa kulia ukabaki mtupu.

Sisi wa Tanga tunajua kosa lilikotoka. Mabanyani wetu kule ni Wagujarati, na wanawake wao huleta upindo mbele kwa bega la kulia. Bi Kidawa amewashonea hao tangu usichana wake. Picha aliitazama mikono na shingo, bega hakulitazama.

Neelavathi akakaa kitini, macho yamelowa. "Mama yangu amefichwa," akasema.

Clémentine, mwanamke wa Bukavu anayeshona naye, akashika kichwa. "Eish, Mama Kidawa! Kitambaa kimeisha. Tutafanya je?"

"Kwanza usilie kumzidi mwenye nguo."

Bi Kidawa akaifumua mikono yote miwili palepale. Mkono wa kawaida haubadilishiki, una mbele yake na nyuma yake, ukiuhamisha unavuta kwapani. Lakini huu wa kutuna una marinda begani, na marinda husitiri mengi. Akayavuta upya, wa kushoto ukaenda kulia. Cherehani ikalia saa nzima.

Neelavathi akavaa tena. Tausi huyo, anang'aa! Ila kwa kuwa amehamishwa, sasa alikuwa anatazama nyuma.

Clémentine akauma mdomo. Neelavathi akajiangalia kiooni. "Mbona amegeuka?"

Bi Kidawa sijapata kumsikia akiomba radhi, lakini siku ile alisema, "Nilikosea bega, Mama. Nimekushonea kama Mgujarati. Kumhamishia mkono huu nimeweza, kumgeuza uso siwezi."

Yule mama akazunguka mara mbili mbele ya kioo, kisha akapasuka kwa kicheko. "Mwache hivyo hivyo! Mama yangu naye tukitoka sinema aligeuka kila hatua, aone nani anamtazama."

Jumamosi nilikuwepo ukumbini. Alipoingia, wazee wa Lenasia walipiga miluzi, vidole mdomoni, kama vijana. Jumatatu dada zake wanne wakapiga simu, kila mmoja anataka choli ya sinema.

Clémentine alikuwa keshachukua utepe. Bi Kidawa akamshika mkono.

"Hizi utakata wewe, zote nne."

"Mie, Mama?"

"Kuna mwingine hapa? Kesho panda teksi uende Lenasia. Usianze na vipimo. Kila mmoja ajitande sari mbele yako, atembee, akae, amimine chai. Wewe angalia upindo unashukia wapi. Ukishaniambia bega, ndipo uniombe mkasi."