Ndege ya Mninga

Hii ndege imenichosha. Mie nimeshatengeneza vitanda, makabati, mpaka majeneza, na vyote vilisimama.

Mzee mmoja wa Msasani, aliyekuwaga fundi wa ndege kabla ya kustaafu, alituletea picha karakana kwetu Keko. Ilikuwa ndege ya mabomu ya Waingereza, ya enzi za mwisho wa vita ya kwanza ya dunia: ya mbao, mabawa matatu yamepandana kama ghorofa, injini sita, mbili zake juu kabisa. Akatueleza haikuwahi kuruka. Siku ya kwanza tu, ikiwa inakimbia uwanjani, injini za juu zilipoongezwa moto mkia ukanyanyuka, ikachomeka pua chini, na marubani wawili wakafa. Alitaka sie tumtengenezee ndogo ya kuweka mezani, isukumike kwa magurudumu yake bila kuanguka.

Shemeji yangu, aliyemuoa dada yangu na ndiye mwenzangu wa kazi, akachonga zile injini kwa mninga. Nilimwambia ni nzito mno kukaa juu, tutumie paini. Akanicheka.

"Shem, paini ni ya kenchi za paa na kreti za soda. Mtu katoka Msasani kwa wenye pesa umpe kreti?"

Nikaona ana hoja. Wateja wetu wote wanaulizia mninga, na yeye ana mkono kuliko mie niliyeishia darasa la saba na kujifunzia kazi kwake. Basi tukaziweka hizohizo.

Tulipoiunganisha ikalalia pua. Tukajaza misumari mkiani, ikasimama. Ukiisukuma kidogo, inalala tena. Shemeji akashauri tuipigilie kwenye kibao. Nikakataa, tukagombana mpaka mafundi wa jirani wakaanza kutuita marubani.

Mzee alikuja. Akaisukuma kwa kidole, ikachomeka pua mezani. Shemeji akasema, kwa utani, kwamba basi tumepatia, maana hata ile ya kweli ilianguka hivyohivyo.

Mzee hakucheka. "Ndiyo maana nikaja kwenu, nipate isiyoanguka," akasema, akaondoka akaiacha.

Nilizibandua zile injini kwa patasi, nikachonga nyingine za paini. Sikumuomba ruhusa shemeji, na hilo si sawa, kazi yake ilikuwa safi kuliko yangu. Bawa la juu nalo nimelitia ufa. Lakini jana imevuka meza nzima na haikuanguka.

Nimempigia mzee nikamwambia yote, kwamba inakwenda, kwamba ni paini, na kwamba ina ufa. Akauliza kama ufa unaonekana. Nikasema unaonekana. Akasema atapita aione, hakusema ataichukua.

Shemeji kageuza benchi lake, ananipa mgongo. Huenda ana haki. Mie sijui, nimeisukuma tena asubuhi hii, imevuka, na bado sina raha nayo.