Taa Iliyokuwa Ikipepesa

Krrr, krrr, krrr, kisha kimya kidogo cha kukata uzi. Sauti hiyo ndiyo iliyombembeleza binti utotoni, alipolala juu ya mabaki ya vitambaa chini ya meza ya cherehani ya mama yake. Hata ukubwani, alipokwisha kutunga, kupiga na kuhariri filamu tatu kwa mikono yake, bado alizipima picha kwa mdundo ule: krrr, halafu pumzi.

Majirani walimwita Dairekta, nusu heshima, nusu utani. Hakuwa na kampuni wala ofisi. Alikuwa na kamera moja isiyonasa sauti, kompyuta iliyopata moto kama pasi, na kaka yake, fundi wa sauti, mwenye masikio makali na ulimi mkali zaidi. Filamu zake zilionyeshwa kwenye shuka lililotundikwa katika kumbi za shule, na watazamaji wakatoka wakitembea taratibu, kama watu walioacha ndoto katikati.

Filamu ya nne ilikuwa ya mama. Kaka alikuwa safarini, na Dairekta hakuwa na subira. Akarekodi peke yake. Kwa siku tatu mama alisimulia nguo alizowashonea watu: gauni la bibi harusi aliyeghairi asubuhi ileile, suruali ya mwalimu mfupi aliyetaka kuonekana mrefu. Mwezi haukuisha, kiharusi kikamwangusha. Mama aliinuka, lakini maneno hayakuinuka naye.

Kaka aliporudi, alisikiliza kinasa sauti kwa muda, akakiweka mezani.

"Dada, ulibonyeza mara ngapi?"

"Mara moja. Taa nyekundu ikawaka."

"Iliwaka, au ilipepesa?"

Dada akakigeuza kile kinasa, akaitazama taa.

"Ikipepesa inakungoja ubonyeze tena. Ulipobonyeza ukidhani unazima, ndipo ulipowasha. Dairekta mzima, umerekodi mapumziko."

"Nicheke au nilie?"

"Anza na lolote, nitakufuata."

Wiki nzima hakuigusa kompyuta. Picha zilikuwapo, midomo ya mama ikienda, mikono ikipima hewa, bila neno hata moja. Filamu bila sauti ile angeipeleka wapi?

Alasiri moja akaketi katika chumba cha kushonea. Mama alikuwa dirishani, akipapasa kipande cha hariri kwa mkono wa kushoto, na mwanga ukimwagika magotini pake kama kitambaa kingine. Binti akafungua yale mapumziko, ili ayasikie mara moja kisha ayafute.

Kiti kikasogezwa. Mkasi ukalia. Krrr, krrr, krrr. Kisha sauti ya mama, si ile ya mbele ya kamera, bali ile ya nyumbani, ya mtu aliyeambiwa kazi imekwisha:

"Mwanangu, umekula lakini? Na hilo gauni limefumuka begani, lete nikushonee."

Hakuna aliyejibu. Zilisikika nyaya za kamera tu, zikikunjwa kwa haraka. Siku ya pili, swali lilelile, nyaya zilezile. Siku ya tatu pia.

Kidole chake kikaondoka kwenye kitufe cha kufuta. Filamu ilikuwa hapo, imemkalia kimya wiki nzima.

Mama aligeuza kichwa kuelekea sauti yake mwenyewe, kisha akamtazama binti, macho yakisubiri.

Binti akasogeza kiti, akamwinamia sikioni.

"Nimekula, mama."