Mujerumani wa "Kata!"

"Mama Yuma, juu ya nini unaniita muongo? Mutoto wako iko muzima!" Mutaa yote ya Kamalondo ilisikia kelele zetu, miye na Mama Yuma. Ule Mujerumani wa sinema bote banamujua: vidole vyake vinachonga dirisha hewani kama kamera hata mbele ya sahani ya mboga ya sombe, na picha ikiisha, kusudi bachezaji basimame, ananguruma "Kata!" mpaka paka wanaruka juu ya mabati. Wiki nzima bajandarme, baaskari ba Katanga, balimuchezea sinema yake. Akisema vile, banashusha bunduki chini. Leo asubuhi bakamukamata Yuma kweli kweli, si sinema, bakamuelekezea bunduki. Mujerumani alikuwa pale; akafungua dirisha lake la vidole, akanguruma: "Kata!" Bunduki zote zikashuka, na mukubwa wao akauliza, "Nimecheza muzuri, Patron?"

"Muongo weye!" Mama Yuma akalia. "Mutoto wangu bamemuua!"

Mulango ukafunguka. "Mama," Yuma akasema, "niko na njala, bukari iko?"